Neno "Jamaa": Mkusanyiko, Ukoo na Ibada

Maneno ya Kiswahili yanayotaja watu waliokusanyika ni mengi: umati, halaiki, hadhara, mkutano, kusanyiko, umma, jumuiya, jamaa. Kati ya hayo, jamaa ni mojawapo ya yale yaliyopita katika mikono mingi, na pia ya yale yanayofasiliwa kwa haraka mno. Wapo wanaoridhika kulirudisha kwenye asili yake ya Kiarabu na kusema kwamba maana yake ni kundi. Wapo pia wanaolichukua kuwa ni jina la ukoo wa Kiafrika, na asili hiyo wakaisahau. Kila upande umeshika nusu ya neno, na historia ya dini katika sehemu hizi yaonyesha hasara ya kuiacha nusu ya pili.

Mzizi wa neno ni konsonanti tatu za Kiarabu, jim, mim na ain, ambazo wazo lake ni kukusanya. Kiswahili kimepokea kutoka humo Ijumaa, jamii, jumuiya, ijmai ya wanazuoni, na hata kitenzi kujamiiana. Sauti ya ain haikupokewa, ndiyo maana leo husikika irabu mbili tu mwishoni mwa jamaa. Neno jumla halimo katika orodha hii, ingawa lafanana nayo kwa sura. Mzizi wake huishia kwa lam, si ain.

Katika Uislamu jamaa ni istilahi ya ibada. Sala ya jamaa hutimia kwa watu wawili, imamu na maamuma, na hadithi mashuhuri ya Mtume yaizidishia fadhila ya daraja 27 juu ya sala ya mtu peke yake. Sala ya Ijumaa ina sharti zito zaidi: katika madhehebu ya Shafii, yanayofuatwa na Waislamu wengi wa pwani, kauli mashuhuri yataka wanaume 40. Kwa hiyo wingi wa watu sio unaofanya jamaa. Watu elfu sokoni ni umati. Wawili waliopanga safu nyuma ya kibla kimoja, mmoja akimfuata mwenziwe, ni jamaa. Linalohesabiwa hapa ni mfungamano, wala si idadi.

Mfungamano huo ndio uliolipa neno maana yake ya pili. Katika Kiarabu jamaa hutaja wengi. Katika Kiswahili hutaja pia mtu mmoja: jamaa yangu ni ndugu, na jamaa mmoja ni mtu fulani asiyetajwa jina. Sarufi yenyewe yashuhudia safari hii. Husemwa "jamaa yangu amefika" na "jamaa zangu wamefika", kimilikishi kikifuata ngeli ya N kama ilivyo kwa baba, mama na ndugu, na kitenzi kikifuata ngeli ya watu. Neno lililoingia likiwa jina la kundi limeketi katika safu ya majina ya ukoo. Fasili inayotaja "kundi la watu" peke yake haiwezi kueleza upatanisho huu.

Watafsiri wa Biblia walizitumia nyuso zote mbili kwa busara. Katika Biblia ya Union Version ya mwaka 1952, waraka wa Paulo kwa Wagalatia unawataja waumini kwa neno kanisa mwanzoni (1:2), na kwa neno jamaa karibu na mwisho (6:10). Kigiriki chenyewe kina maneno mawili hapo: la kwanza ni la watu walioitwa mkutanoni, la pili ni la watu wa nyumba moja. Ajabu ni kwamba kanisa nalo, lililopitia Kiarabu kutoka Kiaramu, lina asili ya kukusanyika. Lakini msikilizaji wa Kiswahili aghalabu huona jengo kwanza. Jamaa halikupata kuwa jengo.

Jambo hili lilijidhihirisha katika Katanga. Katika miaka ya 1950, Placide Tempels, padre Mfransisko kutoka Ubelgiji aliyekwisha kuandika juu ya falsafa ya Kibantu mwaka 1945, alianzisha pamoja na wafanyakazi wa migodi ya Kolwezi na wake zao harakati iliyoitwa Jamaa. Mafundisho yake yalizunguka mambo matatu, uzima, uzazi na mapendo, na wafuasi waliitana baba na mama. Hapo mkusanyiko wa ibada ulijengwa juu ya ndoa na uzazi, yaani juu ya maana ambayo Kiswahili ndicho kilichoiongeza. Mchunguzi aliyeshika Kiarabu peke yake asingelielewa jina hilo.

Tanzania ilifuata njia nyingine. Ujamaa, uliokuwa uhusiano wa ndugu, ulifanywa na Nyerere mwaka 1962 kuwa jina la siasa, na Azimio la Arusha la 1967 likaieneza maana hiyo. Maaskofu Wakatoliki wa Afrika Mashariki walipokutana Nairobi mwaka 1976 na kuzitilia mkazo jumuiya ndogo za Kikristo, jina lililokita katika Kiswahili lilikuwa Jumuiya Ndogo Ndogo. Neno hilo lina mzizi ule ule, ila halikubeba mzigo wa ukoo wala wa siasa. Lilipata wepesi, likapoteza joto: mtu hujiunga na jumuiya na aweza kujitoa, jamaa hamtoki kwa barua.

Kamusi, basi, yapasa itenge maana za jamaa kwa utaratibu: kundi la ibada, ukoo, ndugu mmoja, mtu fulani; na kila maana ionyeshwe pamoja na upatanisho wake. Bila hivyo mwanafunzi atakayesoma juu ya sala ya jamaa ataelewa sala ya watu wa ukoo mmoja, na atakayesoma juu ya Jamaa ya Katanga ataelewa mkutano tu. Makosa yote mawili yamo katika fasili fupi zinazotumika madarasani.