Kigae Kinapolia Mvungu

Katika kazi zote za uashi, sijaona iliyopunjwa sifa kama ile ya kurudishia vigae vya sakafu vilivyolegea; kwa maana mwashi wa kujenga huanza na uwanja mtupu, akapanga apendavyo, ilhali fundi wa kutengeneza huingia katika nyumba yenye wenyewe, akakuta kazi ya mkono wa mwingine, naye hana budi kuifahamu kabla ya kuigusa.

Kwanza husikiliza. Hupiga magoti, akagonga kigae baada ya kigae kwa kipini cha mwiko, kama mnunuzi agongavyo chungu sokoni; kilichoshikana na zege hutoa sauti fupi na nzito, na kilichoachana nalo hulia mvungu. Wala havibandui vyote vyenye mlio huo, kwani pengine kigae kimeshika pande tatu na pembe moja tu ndiyo yenye uwazi, nacho chaweza kukaa miaka bila dhara. Kukijua cha kuachwa ni nusu ya elimu yake.

Akisha kukibandua hukigeuza, na hapo yaliyokuwa batini huwa dhahiri. Mgongo ukiwa safi, hauna hata chembe ya saruji, hujua kwamba kililazwa na vumbi lake, au kwamba ni kigae cha porselini, ambacho maji kinayokunywa hayafiki nusu ya sehemu moja katika mia ya uzito wake, kwa hiyo hakishiki saruji na mchanga mtupu bali chataka gundi yake makhsusi. Akikuta mabonge matano, moja kati na manne pembeni, huiona haraka ya aliyemtangulia. Na ikiwa safu nzima imefutuka, huenda kutazama ukutani: vigae vilibanwa pande zote bila kuachiwa upenyo, na kwa kuwa zege husinyaa miezi mingi likikauka, na vigae hutanuka kwa joto na unyevu, havikuwa na njia ila ya juu.

Sakafu ya kung’aa ni fahari ya kale pwani kwetu. Sayyid Barghash, sultani wa Zanzibar, alipoijenga kasri ya Beit al-Ajaib, Unguja, mwaka 1883, aliitandika marumaru ya ng’ambo. Leo fahari hiyo imeingia hata katika nyumba za vyumba viwili, jambo linifurahishalo mno, na ndiyo sababu yanisikitisha kuona kigae kimoja kikiachwa kicheze mpaka kivunjike na kuwavunja jirani zake.

Lakini ninapomstahi fundi huyu zaidi ni pale anapochonga kwa tindo saruji yote ya zamani, akafagia, akafuta vumbi kwa kitambaa kibichi, kazi ya saa nzima ambayo hapana jicho litakaloiona tena. Kupaka gundi kwa mwiko wa meno, kugongagonga kwa nyundo ya mpira, kutia pimamaji, na kungoja siku moja kabla ya kujaza viungo, hayo ni mepesi baada ya hapo.

Mwenye nyumba naye na aweke akiba ya vigae tangu siku ya kujenga, kwani kiwanda hakichomi rangi moja sawasawa mara mbili. Ikiwa hana, fundi mwerevu hutafuta chini ya kabati kigae kizima kilichokwisha kulegea, akakihamishia mlangoni, na kile kipya kisicholingana akakilaza penye kivuli cha kabati.