Nimeiona kwa Macho Yangu: Kaktasi Pipa ya Miba ya Ndoana

Nimeishika! Yaani, tuseme ukweli, yenyewe ndiyo iliyonishika. Sikuwa nimemaliza dakika tatu tangu nishuke garini, na chupa ya maji sijaifungua, mkono wa shati ukawa umenaswa na mwiba mwekundu uliopinda kama ndoana ya kuvulia changu. Navuta, unazidi kuingia. Shemeji yangu, aliyeniendesha kutoka Phoenix alfajiri ili tufike Tucson kabla ya jua kuwa kali, akatikisa kichwa. "Shem, umepanda ndege zote hizo uje kuliwa na mmea?"

Ndiyo! Hicho hasa ndicho nilichokifuata!

Ferocactus wislizeni nimeipenda kwa picha miaka mingi. Niliwahi hata kuotesha mbegu zake kwenye baraza yangu Dar es Salaam. Zilichipua bila shida, vidude vya kijani vidogo kama choroko, vikakua hadi ukubwa wa gololi, kisha masika yakaingia na ule unyevu wetu wa pwani ukavilaza vyote ndani ya wiki moja. Vilioza kuanzia mizizini. Basi nilijiona mjuzi, mtu aliyekwisha kuipanda na kuizika. Kumbe sikuwa najua lolote, kwa sababu hakuna gololi wala picha inayokuandaa kwa pipa lenyewe, limesimama kwenye changarawe za jangwa la Sonora, likikufika kifuani na kukuzidi upana wa mabega.

Nyingi nilizoziona zilikuwa kati ya kiuno na kifua changu. Mmea uliokomaa kwa kawaida huwa na kimo cha sentimita 60 hadi mita 1.2, na wazee wachache hupita mita mbili. Mwili ni mmoja, mnene, hauna tawi, umechongwa matuta 20 hadi 30 yanayoteremka kutoka utosini hadi chini. Matuta hayo ndiyo kodiani yake. Mvua ikinyesha, mizizi ya juujuu inanyonya, matuta yanatanuka, pipa linanenepa. Ukame ukirudi, linajikunja taratibu bila kupasuka ngozi. Nilifika Agosti, katikati ya mvua zao za kiangazi, kwa hiyo yote yalikuwa yameshiba, yamenyooka kama kodiani mpigaji anapoivuta hadi mwisho wa pumzi.

Lakini miba, jamani! Kila kitovu kwenye tuta kina miba minne mikubwa ya katikati, na ule wa chini ndiye bwana mkubwa: bapa, mpana, umepigwa vijistari vya kukingama kama kucha ya mzee, halafu ncha imekunjwa ndani. Kuuzunguka kuna miba myembamba ya kijivu iliyolala kama nywele za brashi. Usiidharau hiyo myembamba. Ndiyo inayoitofautisha na binamu yake Ferocactus emoryi, asiye na manyoya hayo. Usiku kulikuwa kumepita rasharasha, na miba ikilowa rangi yake huamka. Ile niliyoizoea pichani kuwa ya kijivu iliyofifia ilikuwa nyekundu kama kaa la moto, na jua la saa kumi na mbili na nusu likiipiga kwa nyuma. Nilinyamaza. Shemeji anasema ndiyo mara ya kwanza kunisikia kimya tangu nitue.

Na zimeinama! Mapipa makubwa mengi yameegemea kusini-magharibi, hata wenyeji wakayaita dira ya jangwani. Maelezo ya kawaida ni kwamba upande unaochomwa zaidi na jua la alasiri hukua polepole kuliko upande wa pili, basi mmea mzima unavutika huko, na mwingine mwisho wake huanguka kwa uzito wake mwenyewe. Shemeji, ambaye huku Arizona huswali akielekea kaskazini-mashariki, alitazama lile pipa, akatazama simu yake, akacheka. "Hili limeipa kibla mgongo."

Sasa maua. Asubuhi yalikuwa yamefumba, nikaanza kununa. Jua lilipopanda yakafunguka moja baada ya jingine, duara zima utosini, kama kilemba: mmea huu wa chungwa, ule wa njano, na mmoja kando ya mkondo mkavu mwekundu kabisa. Spishi ni ile ile. Kaktasi nyingi za hapa, saguaro ikiwemo, huwa zimekwisha kuchanua mvua hizi zinapoanza. Hii hungoja Julai hadi Septemba, na nyuki hawana pengine pa kwenda. Nyuki wa kaktasi, wale wa jenasi ya Diadasia, wanajitumbukiza ndani ya ua wanapotea kabisa, kisha wanatoka wamejaa chavua mpaka miguuni.

Hapa ndipo nilipopotelea saa nzima. Kati ya miba ya utosini kuna vitezi vinavyotoa maji matamu, nje ya ua kabisa, na sisimizi wamevizingira kama watoto kwenye muwa. Huo ni mshahara. Sisimizi anakunywa, na kwa malipo hayo anawafukuza wadudu wanaotafuna mmea. Biashara safi. Ila watafiti waliochunguza kaktasi hii hii karibu na Tucson waligundua mkasa ambao mwenye duka yeyote Kariakoo ataufahamu: mlinzi mkali kupita kiasi anakufukuzia na wateja. Penye wale sisimizi wa moto wa jangwani, Solenopsis xyloni, nyuki hawakai sana kwenye ua, na mbegu zinapungua. Mmea unamlipa askari anayelinda duka hadi hakuna anayenunua! Sijawahi kufurahia fitina kiasi hiki.

Matunda yake ni ya njano, yana magamba badala ya miba, na juu yamebeba ua lililokauka, kwa hiyo unadhani ni mananasi ya mwanasesere. Hukaa juu ya mmea miezi mingi, na paa wa jangwani, kuchakuro na ndege hujilia. Katika bustani ya jirani wa shemeji nilipewa moja. Ngozi yake ina uchachu wa ndimu uliopoa na ule utelezi wa mlenda, kisha katikati mbegu nyeusi tele zinazopasuka meno yakizigusa. Aliyekulia bamia hatashangaa. Mimi niliomba la pili.

Jina, kwa haraka. Friedrich Adolph Wislizenus alikuwa daktari Mjerumani wa St. Louis. Mwaka 1846 alifuatana na msafara wa wafanyabiashara kwenda Santa Fe na Chihuahua, vita vya Marekani na Meksiko vikamkuta njiani, akazuiliwa Cosihuiriachi miezi kadhaa. Hata hapo hakuacha kukusanya mimea. Rafiki yake George Engelmann aliieleza kaktasi hii rasmi mwaka 1848, na mwaka 1922 Britton na Rose wakaiweka kwenye jenasi mpya ya Ferocactus, jina lenye maana ya ukali. Shati langu halina pingamizi.

Tuje kwenye aina zake, maana ndizo zitakazowagombanisha wapenzi wa kaktasi. Ile ya kawaida inaenea kusini mwa Arizona na New Mexico, ncha ya Texas upande wa El Paso, na kushuka hadi Sonora na Chihuahua. Huko Sinaloa kuna var. herrerae, yenye matuta machache, kama 13 au 14 tu, hivyo pipa linaonekana jembamba na refu, la kifahari kidogo. Kisha kuna var. tiburonensis ya kisiwa cha Tiburón, na hapo ndipo ninapokataa: mwiba wake wa katikati umenyooka! Wapo wanaoziita mbili hizo spishi kamili zenye majina yake zenyewe. Kwa herrerae nasitasita. Kwa ile ya kisiwani nawaunga mkono kwa mikono miwili, na si kwa hoja ya kisayansi hata kidogo. Ukiondoa ndoana, umeniuzia mashua isiyo na tanga.

Lalamiko langu moja haliuhusu mmea, linawahusu watu. Hadithi ya sinema, eti ukiwa na kiu jangwani unakata kilele cha pipa unachota maji. Ndani hamna maji ya kuchota. Kuna nyama yenye utelezi na asidi ya oksaliki, ambayo kwa tumbo tupu lililokaukiwa inaweza kuleta kichefuchefu na kukumalizia hata maji uliyobaki nayo. Waseri wa pwani ya Sonora waliijua kazi ya kuikamua nyama hiyo, wakajua na pipa lipi la kukamuliwa wakati wa dhiki na lipi la kuachwa, na hili ndilo walilolichagua. Hayo ni maarifa ya watu wa pale. Mtalii na panga lake ataua mmea uliokua miaka zaidi ya 50 na bado atarudi na kiu.

Nilipanga tuondoke saa nne, joto halijazidi. Saa sita na nusu nilikuwa nimekaa garini, mlango wazi, nikipiga honi. Shemeji alikuwa amepiga magoti kwenye changarawe, simu mkononi, akimrekodi sisimizi mmoja aliyekuwa akimng'ang'ania nyuki mguu.

"Ngoja kidogo, Shem," alisema bila kugeuka. "Nadhani huyu ndiye yule askari wako."