Sura ya Kiumbe wa Frankenstein

Katika riwaya ya Mary Shelley, Frankenstein, iliyotoka London mwaka 1818, kiumbe asiye na jina huhukumiwa kabla hajafungua kinywa. Victor Frankenstein, aliyemuunda, humkimbia pindi anapofumbua macho. Baadaye kiumbe humwokoa msichana anayezama mtoni. Malipo yake ni risasi ya bega. Anayemsikiliza kwa upole ni mzee De Lacey, kipofu, lakini mwanawe Felix anapoingia, kiumbe huchapwa fimbo hata hajamaliza kujieleza. Ustadi wa Shelley uko katika kumwachia kiumbe asimulie mwenyewe sura kadhaa za katikati, kwa ufasaha wa mtu aliyesoma Milton na Plutarch. Msomaji hamwoni, anamsikia tu, na hivyo hukalishwa kwenye kiti cha De Lacey.

Sinema haiwezi kuficha sura, na hapo ndipo ufundi wa mpambaji Jack Pierce unapostahili sifa zote. Kwa filamu ya James Whale ya mwaka 1931, alishinda saa nyingi akimpamba Boris Karloff: pamba na gundi, tabaka juu ya tabaka, kuinua paji la uso, nta kwenye kope ili macho yawe mazito. Karloff alitoa meno yake ya bandia upande mmoja, shavu likabonyea. Hata hivyo mdomo na mashavu hayakuzibwa, na mwigizaji akabaki na uso wa kuigizia. Katika tukio moja la filamu hiyo, paa linapofunguliwa, kiumbe huinua mikono taratibu kuelekea mwanga, kama anayetaka kuushika. Likifungwa, mikono hubaki ikiomba.

Inasikitisha kwamba hadithi ya filamu hiyo inampa kiumbe ubongo wa mhalifu, jambo ambalo Shelley hakuliandika. Ukatili unageuzwa kuwa wa kuzaliwa nao, na wanaomwinda wanapata udhuru. Mikono ile ya Karloff inaukanusha udhuru huo waziwazi.

Whale mwenyewe alirekebisha mambo mwaka 1935 katika Bride of Frankenstein. Mkaa pweke kipofu anamkaribisha kiumbe kwa fidla, mkate na maneno ya kwanza, mpaka wapita njia wenye bunduki wanapofika.

Mwaka 2011, katika National Theatre ya London, mwongozaji Danny Boyle aliuanza mchezo wa jukwaani wa Frankenstein kwa kiumbe peke yake, akijifunza kusimama, dakika kadhaa bila neno. Watazamaji wakamjua kabla ya yeyote kumwogopa. Benedict Cumberbatch na Jonny Lee Miller walibadilishana nafasi: aliyekuwa kiumbe katika onyesho moja, katika jingine alikuwa Victor.