Daktari Aliyejua Kungoja

Kwa takriban miaka 40 Donald Winnicott aliwatibu watoto katika hospitali ya Paddington Green, London. Alikuwa daktari wa watoto na pia mchanganuzi wa nafsi, mfuasi wa njia iliyofunguliwa na Sigmund Freud, na kazi hizo mbili hakuzitenganisha. Mama aliingia, akaketi kando ya meza akiwa amempakata mwanawe. Ukingoni mwa meza kilikuwepo kibao cha chuma kinachong'aa, kile ambacho daktari hukandamizia ulimi. Mama aliombwa asimsaidie mtoto wala asimzuie. Kisha Winnicott alingoja.

Mtoto wa miezi minane hukiona kile kibao, akanyoosha mkono, kisha akasita. Humtazama mama, humtazama daktari, mwili umetulia tuli. Ukijaribu kumtia kibao kinywani wakati huo, anaweza kupiga kelele. Mwache. Mate huanza kumtoka, hukishika, hukitafuna, hukigonga mezani, na hatimaye hukiangusha, mara ya kwanza kama kimemponyoka, mara ya pili kwa furaha tupu. Katika makala yake ya 1941, Winnicott alieleza habari za mtoto wa kike aliyeanza kubanwa na pumu palepale alipokuwa akisita. Alipopata ujasiri wa kukichukua kibao, pumzi ikamrudia. Nani mwingine angeyaona hayo? Mwenye haraka angekwisha kuandika dawa na kumwita mgonjwa anayefuata.

Kwa watoto wakubwa alitumia penseli na karatasi. Alichora mstari wowote, bila kukusudia kitu, na mtoto akaugeuza kuwa anachotaka: samaki, kofia, nyoka. Halafu zamu ikageuka. Mchoro baada ya mchoro, mtoto alifikia jambo ambalo hakuna mtu mzima aliyekuwa amemwuliza. Michoro hiyo aliichapisha pamoja na masimulizi yake katika kitabu kilichotoka 1971, mwaka aliofariki, na inafaa kusomwa polepole, ukurasa kwa ukurasa, maana ndipo unapoona jinsi alivyokuwa akijizuia kusema.

Kalamu yake nayo ilikuwa hivyo hivyo. Alipozungumza na akina mama kupitia redio ya BBC wakati wa Vita Kuu ya Pili ya Dunia na baada yake, hakuwafundisha kulea. Aliwaeleza kile walichokuwa wakikifanya tayari, kwa Kiingereza cha nyumbani, akisisitiza kwamba mtoto hahitaji mama asiye na kasoro. Anahitaji mama wa kawaida anayejitoa kwake. Mimi nayapenda mazungumzo hayo kuliko makala zake za kitaalamu, kwa sababu humo anamwamini msikilizaji.

Uzeeni aliandika kwa uchungu kwamba shauku yake ya kufafanua mambo ilikuwa imewazuia baadhi ya wagonjwa kubadilika kwa kina. Siku hizi, alisema, akiweza kungoja, mgonjwa hufika kwenye maana mwenyewe, na furaha yake ni kubwa.