Adabu ya Kebo Mpakani Malaba

Katika kituo cha pamoja cha mpaka Malaba, lori linaloingia Uganda kutoka Kenya halikaguliwi mara mbili. Taratibu za nchi zote mbili hukamilishwa upande wa Uganda, na liingialo Kenya hushughulikiwa upande wa Kenya. Maafisa wa nchi mbili hufanya kazi chini ya paa moja, na hati za mzigo uliotoka Mombasa hupita kwenye kompyuta zao. Kebo ya mtandao ikilegea, foleni hurefuka. Ndiyo maana namheshimu fundi anayejua kufunga pachi paneli.

Pachi paneli ni ubao mwembamba wa chuma ndani ya raki, yaani kabati la vifaa vya mtandao, mara nyingi wenye matundu 24. Kebo zote za ukutani huishia mgongoni mwake; usoni hutoka kebo fupi kwenda kwenye swichi ya mtandao. Hauhitaji hata umeme. Siri yake iko kwenye shaba. Kebo ya ukutani ina nyaya ngumu za uzi mmoja, ambazo zikikunjwa mara kwa mara hukatika. Kebo fupi ina nyuzi nyingi laini, hustahimili mikono. Basi paneli hutenganisha kinachopaswa kutulia na kinachohamishwa. Afisa akibadili dawati, kinachochomolewa ni kebo fupi, ukuta hauguswi.

Mtazame fundi akiunganisha. Huchuna ganda kidogo tu, maana ndani mna jozi nne zilizosokotwa, kila moja kwa msokoto wake, ili mawimbi yasiingiliane. Mzembe huzifumua apate wepesi. Fundi wa kweli huacha msokoto ufike karibu kabisa na meno ya paneli, asifumue zaidi ya milimita 13. Hupanga rangi kwa mpangilio uleule alioutumia kwenye soketi ya ukutani, kisha hukandamiza kwa kifaa chenye springi. Waya huzama kati ya vijembe viwili vinavyopasua plastiki na kuishika shaba, na ncha iliyozidi hukatwa papo hapo.

Huku radi nazo hazisahauliki. Tororo, jirani ya Malaba, ilirekodi wastani wa siku 251 za radi kwa mwaka kati ya 1967 na 1976. Kwa hiyo raki hufungwa waya wa ethi, na kati ya jengo na jengo hupitishwa faiba, isiyobeba umeme.

Mwisho huja lebo: namba moja kwenye tundu, ileile kwenye soketi, na ileile kwenye daftari. Kazi hii fundi humfanyia mwenzake asiyemjua, atakayeitwa usiku mtandao ukikatika.

Ukikabidhiwa ofisi mpya, usiridhike kwa kuwa intaneti inafunguka. Omba raki ifunguliwe, dai matokeo ya kipimo cha kila laini, soma lebo. Ukikuta vyote viko sawa, mlipe fundi kwa moyo mweupe na uweke namba yake ya simu.