Mkanda wa Kingolwira

Ukipita Vigwaza kwa Barabara ya Morogoro ukielekea bara, ukifika Chalinze njia hugawanyika. Ya kulia huenda Segera na Korogwe. Ya mbele huenda Morogoro, na kabla hujaingia mjini unapita Kingolwira. Pande zote mbili zimo katika historia ya sinema. Vugiri, milimani karibu na Korogwe, ndiko yalikokuwa makao ya Bantu Educational Kinema Experiment, mradi wa enzi ya ukoloni wa Waingereza uliotengeneza filamu 35 za kuwafundisha Waafrika kati ya 1935 na 1937. Zinazojulikana kusalia ni 3 tu, nazo zimehifadhiwa British Film Institute. Moja inahusu safura. Nyingine, ya 1936, inahusu mashamba ya wakulima wa Kingolwira.

Masimulizi ya filamu hizo yaliwekwa kwenye sahani za santuri, mbali na mkanda wa picha; sahani ikipotea, picha hubaki bila maelezo. Hapo ndipo ninapomvulia kofia mtafiti wa picha za zamani. Kabla ya kukata chochote, huunusa mkanda: wa asetati unaooza hutoa harufu kali ya siki. Kama ni wa Kodak, huinama na kioo cha kukuza, akasoma vialama vya pembeni, duara, mraba, pembetatu, vinavyoonyesha mwaka mkanda ulipotoka kiwandani. Kwa muda mrefu vialama hivyo vilirudiwa kila baada ya miaka 20, kwa hiyo haviamini peke yake. Ataangalia pia gari, sare ya askari, bati la paa. Kisha atatafuta mwendo. Mkanda uliopigwa kwa fremu 16 kwa sekunde ukionyeshwa kwa 24, mkulima aliyekuwa akitembea kwa utulivu wake ataonekana akirukaruka kama kichekesho. Kumrudishia mwendo wake ni kumrudishia heshima.

Wahariri wavivu huweka ngoma juu ya picha yoyote ya zamani, na picha ya Mombasa ikasindikiza maneno kuhusu Bagamoyo. Huo ni uongo, hata kama hakuna aliyegundua. Mhariri hodari huiacha picha iende mpaka macho yamfikie yule aliyesimama pembeni, ambaye mpiga picha hakumkusudia. Tena hutuambia kamera ilikuwa ya nani. Mwongozaji Raoul Peck, katika filamu yake kuhusu kifo cha Patrice Lumumba wa Congo, alitaja waziwazi bei ya dakika moja ya picha za kale. Mtazamaji akaelewa kuwa kumbukumbu za Congo zina wenyewe, nao hawako Congo.

Nawe msomaji, kama kabatini una kaseti ya VHS ya harusi, maulidi au mkutano wa kijiji, andika juu yake mwaka, mahali na majina ya waliomo. Ihamishie kwenye kompyuta mapema, kabla unyevu wa pwani haujaimaliza.