Alick Nkhata, fundi wa kutozidisha

Kwenye mwambao wa Ziwa Mweru, Nchelenge hadi Kashikishi, muziki umezoea kuvuka maji. Ng'ambo ni Kongo, kuna Kilwa na Pweto, ambako Kiswahili kinatawala sokoni. Upande huu, wa Zambia, watu husema Kibemba. Chisense, dagaa wa ziwa hili, huvuliwa usiku kwa taa, huanikwa mchangani, kisha hupakiwa kwenye malori kwenda Copperbelt, kwenye migodi ya shaba. Njia hiyo hiyo ndiyo waliyopita vijana waliokwenda migodini na kurudi na magitaa.

Mwaka 1949 kilikuja chombo kilichoufikisha muziki bila kungoja lori. Harry Franklin, mkuu wa idara ya habari ya Rhodesia ya Kaskazini, Zambia ya leo, alikuwa amebisha hodi kwa watengenezaji wengi akitafuta redio ya betri ambayo mtu wa kijijini angeimudu. Ever Ready wakakubali, na za majaribio zikaundwa ndani ya sufuria ya alumini isiyo na mpini. Basi ikaitwa redio ya sufuria: ya mviringo, rangi ya buluu, bei pauni 5, na betri ya kununua kando iliyodumu kama saa 300. Aliyekuwa nayo hakuisikiliza peke yake. Majirani walijaa uani. Matangazo yalitoka Kituo cha Utangazaji cha Afrika ya Kati, Lusaka, na miongoni mwa sauti zilizopendwa sana ilikuwa ya Alick Nkhata.

Nkhata alizaliwa Kasama mwaka 1922, akasomea ualimu, akapelekwa vitani Burma. Baada ya vita alifuatana na Hugh Tracey, mtafiti aliyezunguka na mashine yake akirekodi nyimbo za vijijini. Hiyo ndiyo ilikuwa shule yake kubwa: kukaa kimya mbele ya watu wanaoimba, na kutambua ni sauti ipi inaubeba wimbo na ipi inausindikiza. Studioni Lusaka alikuwa mtangazaji, mtayarishaji, mpiga gitaa na kiongozi wa kundi lake la watu wanne, vyote kwa pamoja.

Sikiliza "Shalapo", wimbo wake wa kuagana. Gitaa halijitapi, linashika mwendo tu. Katika nyimbo zake wenzake humwitikia kama watu wanavyoitikiana ngomani, ila sauti zimepangwa, kila moja ikijua nafasi yake. Kumbuka spika ndogo ya ile sufuria, imewekwa uani, watoto wanacheza, mbwa anabweka. Ala nyingi zingegeuka makelele. Nkhata aliyaweka maneno mbele na ala nyuma, hata aliyeketi mwisho wa uwanja akapata kisa kizima. Samaki mbichi hahitaji viungo vingi, naye aliujua ubichi wa nyimbo alizozitoa vijijini.

Mwaka 1952, ng'ambo ya Kongo, huko Jadotville, leo Likasi, Tracey huyo huyo alimrekodi Jean-Bosco Mwenda, aliyeimba kwa Kiswahili cha Katanga. Bosco alitosheka na gitaa moja: kidole gumba kikipiga besi, cha shahada kikicheza juu, mpaka ungedhani wapigaji ni wawili. Yeye alitafuta wingi ndani ya ala moja. Nkhata alitafuta umoja ndani ya sauti nyingi. Ni ufundi wa aina mbili, na mpaka uko katikati yao.

Baada ya uhuru wa Zambia mwaka 1964, Nkhata alipanda hadi uongozi katika utangazaji wa taifa. Alipostaafu alikwenda kulima Mkushi, na huko ndiko alikouawa Oktoba 1978, majeshi ya Rhodesia, leo Zimbabwe, yaliposhambulia kambi ya wapigania uhuru wa nchi hiyo. Nyimbo zake zilikusanywa baadaye katika albamu iliyobeba jina la "Shalapo", kwa hiyo ushahidi upo, hatuhitaji kusimuliwa.

Watayarishaji wetu wa leo wana kompyuta isiyochoka kupokea sauti mpya, na sekunde moja ya ukimya huwatia wasiwasi, wakaijaza. Kabla ya kuongeza kinanda cha nne, wamsikilize mtu aliyekuwa na gitaa, waimbaji wachache na kipaza sauti, na kila neno lake likafika.